Sambusa Zisinywe Mafuta

Sisi kikundini tulianza kuuza sambusa tukala hasara: pesa ya mafuta ilipita ya mauzo. Kumbe kosa halikuwa bei. Ndengu tulizifunga zikiwa moto tena na majimaji. Mvuke ukalainisha manda, zikapasuka ndani ya karai, zikanywa mafuta. Siku hizi tunazikausha motoni mpaka sufuria iwe kavu, halafu zinapoa kabisa. Pembe tunazibandika kwa uji mzito wa unga wa ngano, lisibaki hata tundu la sindano. Mafuta nayo yashike moto kwanza. Tumbukiza kipande cha manda. Kikizama kikakaa chini, ngoja. Na msijaze karai, hata wateja wakipiga kelele! Deni letu dukani limebaki kidogo tu.