KUKUMBUKA MSIBA NA KUISHI NA JIRANI

 



Katika nchi ya Burundi mwaka wa 1972 una jina lake. Watu huuita "ikiza", yaani baa, kana kwamba ni tauni iliyoshuka yenyewe. Lakini baa lile lilifanywa na mikono ya wanadamu. Mwishoni mwa Aprili waasi wa Kihutu waliwaua Watutsi wengi upande wa kusini, kandokando ya ziwa Tanganyika. Kisha serikali ikalipiza kisasi kwa Wahutu, hasa waliosoma: walimu, makarani na wanafunzi. Walipakiwa katika malori, wasirudi. Wanahistoria wengi hukadiria waliokufa kuwa laki moja au zaidi.

Waliobaki walifunzwa na hofu kunyamaza. Mjane hakuonyeshwa kaburi, wala hakujua kama akae eda au azidi kungoja. Mtoto aliyeuliza alipo baba yake aliambiwa kuwa amesafiri. Ukimya huo ulimhifadhi mzazi, lakini mtoto alirithi woga asioujua asili yake. Na Rais Melchior Ndadaye alipouawa tarehe 21 Oktoba, 1993, vita vikazuka, kila upande ulihesabu maiti wake, usitake kusikia wa mwenziwe.

Hata hivyo, mtaa wa Buyenzi mjini Bujumbura, wenye Waislamu wengi na lugha ya Kiswahili, uliendelea kuwachanganya Wahutu na Watutsi wakati mitaa mingine ilipogawanyika. Msikiti, soko na ndoa vilikuwa vimekwisha kuwaunganisha kabla ya siku ya shida. Ujirani haujengwi siku ya moto.

Mwaka 2020 makaburi yalifukuliwa karibu na mto Ruvubu, huko Karusi, yakatolewa mabaki ya watu zaidi ya 6,000. Baadhi ya waliokufa walitambuliwa kwa nguo, miwani na rozari. Miaka arobaini na minane ilikuwa imepita, na jamaa zao walikuwa wangali wakingoja.

Basi wanazuoni wa madhehebu ya Shafi wameruhusu Sala ya ghaibu kwa maiti asiyekuwapo, wala kaburi si sharti. Anayestahili kutajwa atajwe kwa jina lake, na wa jirani atajwe vilevile. Mwenye kumlilia wake peke yake hajaondoa matanga.

Mwenyezi Mungu awarehemu waliotangulia, na awape walio hai moyo wa kusikilizana. Wassalaam.