Buibui Asiyetega Utando

  Wekeni kalamu chini kwanza, msikilize. Mwishoni tutaandika.

Labda jambo hili limepata kukutokea. Ni usiku, umepumzika nyumbani baada ya kazi ya majaruba. Unaona buibui wa rangi ya udongo anakimbia sakafuni. Unavua kandambili, unampiga. Mara, pale alipokuwa buibui mmoja, wanatawanyika buibui wadogo sana, makumi kwa makumi, huku na huku. Watoto wanapiga kelele. Jirani anasema, "Huyo si buibui hivi hivi. Huyo ametumwa."

Ndugu yangu, hakutumwa na mtu. Alikuwa mama aliyewabeba watoto wake mgongoni. Leo tutamjua buibui huyo, ili siku nyingine ukimwona ujue la kufanya.

JINSI YA KUMTAMBUA

Wataalamu humwita buibui mbwa-mwitu. Ukoo wake huitwa Lycosidae, jina lililotokana na neno la Kiyunani la mbwa-mwitu. Aliitwa hivyo kwa sababu huwinda kwa mbio. Lakini mbwa-mwitu huwinda kwa kundi, na buibui huyu huwinda peke yake.

Kama buibui wote, ana miguu minane. Panzi, nzi na siafu wana miguu sita. Rangi yake ni ya kahawia au ya kijivu, yenye michirizi, hata ni vigumu kumwona juu ya udongo au majani makavu. Ana manyoya mafupi, na miguu yake ina nguvu.

Sasa tazama uso wake. Ana macho manane, yaliyopangwa safu tatu. Chini yako macho madogo manne. Juu yake yako makubwa mawili, yanayotazama mbele. Nyuma zaidi, juu ya kichwa, yako mengine mawili.

Iko njia nyepesi ya kumtafuta. Usiku, chukua tochi, hata ya simu, uishike karibu na jicho lako, kisha umulike majani ya kando ya jaruba. Utaona vinuru vidogo vinavyong'aa kama umande. Ukisogea, umande haukimbii, lakini buibui atakimbia. Nyuma ya macho yake makubwa iko ngozi nyembamba inayorudisha mwanga, kama ilivyo katika macho ya paka na ya ng'ombe.

ANAVYOWINDA

Buibui wa darini hutega utando, kisha hungoja. Walio wengi katika ukoo huu hawategi. Nyuzi wanazo, lakini huzitumia kwa kazi nyingine, kama kutengeneza kifuko cha mayai. Baadhi yao huchimba shimo ardhini na kulitandika nyuzi ndani.

Akitaka chakula, hutulia kimya. Huona kwa macho yake, na husikia kwa miguu mtikisiko wa ardhi. Mdudu akikaribia, humrukia, humshika na kumwuma. Sumu yake humlegeza mdudu yule. Hivyo ndivyo anavyokula nzi, panzi wadogo, nyenje na wadudu wengine.

MAMA NA WATOTO WAKE

Jike akitaga, huyafunga mayai katika kifuko cha mviringo, cheupe au cha kijivu. Kifuko hicho hukifunga nyuma ya tumbo lake, akaenda nacho popote. Kumbuka alama hii: buibui akimbiaye ardhini akiwa na kidonge cheupe nyuma ndiye huyu. Wako buibui wengine wanaobeba kifuko cha mayai, lakini hukishika mdomoni. Hao ni wa ukoo mwingine.

Mama huyu hakubali kuachana na mzigo wake. Bwana mmoja Mfaransa, Jean-Henri Fabre, aliyefariki mwaka 1915, alitumia miaka mingi kuwatazama wadudu na buibui. Alimnyang'anya mama kifuko chake, akampa badala yake kipande cha kizibo kilichochongwa mviringo. Yule mama akakipokea, akakifunga nyuma yake, akaenda zake.

Watoto wakiwa tayari kutoka, mama hukipasua kifuko kwa meno yake. Nao hupanda mgongoni mwake wote, wakashikamana na manyoya yake. Hukaa huko siku kadhaa, kisha hushuka, kila mmoja akaenda kuwinda kwake. Kwa hiyo ukimpiga mama wakati huo, watoto hutawanyika. Huo ndio "uchawi" ule wa sakafuni.

JE, ANA SUMU?

Ndiyo, ana sumu, lakini ni ya kuulia wadudu. Hamfuati mtu. Huuma akibanwa, mathalani ndani ya nguo au chini ya mkono. Mahali hapo huuma, na pengine huvimba kidogo na kuwa pekundu, kisha hupoa.

Zamani, huko São Paulo katika nchi ya Brazili, watu waliamini kwamba buibui hawa huozesha nyama ya mtu. Hata dawa maalumu ilitengenezwa kwa ajili ya sumu yao. Kisha waganga wakawachunguza watu 515 walioumwa nao, wakatoa taarifa yao mwaka 1990. Walio wengi walipata maumivu. Hakuonekana hata mmoja ambaye nyama yake ilioza.

Sikilizeni neno hili vizuri, maana laweza kuokoa mguu wa mtu. Mtu akiwa na kidonda kinachooza, asiseme, "Ni buibui tu," akakaa nyumbani wiki mbili. Kidonda cha namna hiyo huenda kina sababu nyingine inayohitaji dawa ya hospitali. Aende zahanati mapema.

Ukiumwa na buibui huyu, osha mahali hapo kwa maji na sabuni, weka kitambaa kilicholoweshwa maji baridi. Usichanje kwa wembe. Uvimbe ukizidi, au homa ikija, au aliyeumwa ni mtoto mdogo, nendeni zahanati.

Tena, usimchanganye na buibui mwenye tumbo la mviringo kama punje kubwa, mwenye alama nyekundu au ya rangi ya chungwa chini ya tumbo. Huyo hakimbii ardhini; hukaa katika utando wake, chini ya mawe, kuni au vitu vilivyowekwa siku nyingi. Huyo usimguse.

MLINZI WA MPUNGA

Ninyi wa Kagongwa mnajulikana kwa mchele. Basi jueni kwamba buibui huyu yumo miongoni mwa walinzi wa mpunga. Hukimbia juu ya tuta, hupanda mashina, hata juu ya maji huweza kupita.

Huko Indonesia wako wadudu wadogo warukao, wanaonyonya maji ya mpunga hata shamba likakauka kama lililounguzwa na moto. Wakulima walipiga dawa, wakapiga tena. Lakini mayai ya wadudu wale yamefichwa ndani ya mmea, dawa haikuyafikia. Waliokufa ni buibui na walinzi wengine. Mayai yakaanguliwa, na hapakuwa na wa kuwala wadudu wale. Wakazidi. Mwaka 1986 serikali ya nchi hiyo ilipiga marufuku aina 57 za dawa za wadudu katika mpunga.

Sisemi kwamba dawa isitumike kamwe. Nasema, usipige kwa mazoea. Kwanza ingia jarubani, inama, tazama mashina. Je, wadudu waharibifu ni wengi? Na buibui wako? Kisha umwulize bwana shamba. Dawa hununuliwa kwa fedha. Buibui hufanya kazi bila mshahara.

Na akiingia nyumbani? Mfunike kwa kikombe, pitisha karatasi chini yake, mtoe nje. Ataendelea na kazi yake.

Sasa shikeni kalamu. Jibuni maswali haya kwa sentensi kamili:

1. Buibui mbwa-mwitu ana macho mangapi, nayo yamepangwa safu ngapi?
2. Mama hubeba mayai wapi? Watoto je?
3. Kwa nini haifai kusema "ni buibui tu" mtu akiwa na kidonda kinachooza?
4. Kabla ya kupiga dawa jarubani, utatazama nini?

Na kazi ya nyumbani ni hii: usiku wa leo mulika kando ya jaruba au ua wako, uhesabu vinuru utakavyoviona. Andika hesabu yako, uilete darasani, umsomee mwenzako.

Kwaherini, mpaka somo lijalo.