Walimu wa Magila katika Historia ya Tanga



Mada niliyopewa inahusu nafasi ya Kanisa katika historia ya Tanga. Mada kama hii ikitajwa, watu hutarajia majina ya maaskofu wa Kizungu. Nitawataja, kwa sababu walikuwapo na walifanya kazi. Lakini ninaamini, na nimekuja kulitetea hilo mbele yenu, kwamba uzito wa Kanisa katika historia yetu uliwaangukia walimu Waafrika, wengi wao Wabondei, na kwamba mambo makubwa waliyoyafanya hayakuwamo katika mpango wa misheni.

Kwanza tukumbuke Kanisa liliingiaje. Tulinganishe na Amerika ya Kusini, ambako lilifika pamoja na dola: mfalme wa Hispania ndiye aliyechagua maaskofu, na msalaba ulisimikwa siku zilezile nchi ilipotwaliwa. Hata Wajesuiti wa Paraguay, waliowakusanya Waguarani katika vijiji vyao kuanzia 1609 na kuwakinga na wakamata watumwa, walikuwa chini ya mfalme huyo. Mwaka 1767 alipoamuru wafukuzwe, waliondoka. Kwetu mambo yalikuwa kinyume. Misheni ilitangulia dola kwa karibu miaka ishirini, nayo ilifika kama mgeni anayebisha hodi.

Mmisionari Krapf alipofika Vuga, makao ya watawala wa Usambara, mwaka 1848, mfalme Kimweri ye Nyumbai alimpokea kwa heshima na kuonyesha kwamba angependa kupata walimu. Kimweri alifariki mwaka 1862, na Wakilindi, ukoo wake uliotawala, wakagombania utawala. Mwaka 1867 padre Alington wa UMCA, misheni ya Kianglikana ya Waingereza, alipanda Vuga kuomba mahali pa kukaa. Hakuruhusiwa kujenga Vuga kwenyewe. Alielekezwa Magila, huku chini Bonde, pembezoni mwa himaya. Muda si mrefu Wabondei wakainuka dhidi ya Wakilindi katika vurugu zinazokumbukwa kwa jina la Kiva. Misheni ikajikuta katika nchi iliyomkataa mtawala wake na isiyopata mwingine. Padre Farler, aliyefika mwaka 1875, akawa anaamua hata mashauri ya watu. Mamlaka hayo hakupewa na serikali yoyote. Yalitokana na pengo lililoachwa na Kiva, na nadhani waandishi wengi wa historia ya dayosisi wamelipita jambo hili haraka mno.

Vijana waliochaguliwa Magila walivushwa bahari kwenda chuo cha Kiungani, Unguja. Huko walisoma pamoja na watoto waliookolewa kwenye majahazi ya watumwa, Wayao, Wanyasa, Wamakua, lugha yao ya pamoja ikiwa Kiswahili. Askofu Steere alikuwa amechapisha kitabu chake cha sarufi mwaka 1870, na mitambo ya uchapaji ya misheni iliendeshwa na vijana hao wenyewe. Kutoka Kiungani lilitoka gazeti la Msimulizi mwaka 1888, na baadaye Magila ikawa na lake, Habari za Mwezi. Tuliangalie hili kwa makini: mwalimu wa kijiji cha Bonde alikuwa akiandika habari za kwao kwa Kiswahili, akijua kwamba mwenzake wa Masasi, kituo cha misheni hiyohiyo huko kusini, atazisoma. Kabla ya hapo, ni nini kilichokuwa kikiwaunganisha watu hao wawili?

Wajerumani walipokuja, reli ilianza kujengwa kutoka Tanga mwaka 1893 na kufika Muheza mwaka 1896. Katika miaka hiyo walitia mguu pia wamisionari Waprotestanti wa Kijerumani wa Bethel, Mbuyukenda hapa mjini na Mlalo milimani, na Wakatoliki wakajenga Gare. Sitawachambua hawa leo. Wanastahili semina yao.

Nataka nikae zaidi kwenye vita vya 1914. Waingereza waliposhambulia Tanga mwezi Novemba wakashindwa, Wajerumani waliwatazama walimu wa UMCA kama wapelelezi wa adui, kwa kuwa walifundishwa na Waingereza. Walikamatwa, wakafungwa, wakapigwa, na wengi wakapelekwa bara hadi Tabora. Hawakufunguliwa mpaka majeshi ya Wabelgiji yalipouteka mji huo Septemba 1916. Walikuwa wazawa wa nchi hii, wakiteswa katika ugomvi wa Wazungu wawili, na baadhi yao hawakurudi. Hapo ndipo ninapoumia kuona majina yao hayasomwi makanisani kwetu kama yanavyosomwa majina ya waliokuja kwa meli.

Miongoni mwa waliorudi alikuwa Martin Kayamba, mwenye damu ya Wakilindi, aliyesoma Kiungani. Baada ya vita alikuwa karani wa serikali hapa Tanga, na hapahapa, mwaka 1922, aliongoza kuanzishwa kwa chama cha Waafrika watumishi wa serikali, ambamo Waislamu na Wakristo waliketi pamoja. Historia ya siasa za nchi yetu husimuliwa kuanzia African Association ya 1929 na TANU ya 1954. Mzizi mmoja uko Tanga, kwa makarani na walimu. Mwaka 1931 Kayamba alikwenda London kutoa ushahidi juu ya mpango wa kuziunganisha Kenya, Uganda na Tanganyika. Misheni ilimfundisha ili awe mwalimu wa dini. Mengine aliyatenda kwa akili yake.

Na maaskofu? Frank Weston, ambaye dayosisi yake ya Zanzibar ilijumuisha Bonde, aliwaongoza wapagazi wakati wa vita, na mwaka 1920 akaandika kijitabu kikali dhidi ya kulazimishwa kazi kwa Waafrika wa Kenya. Huyo alisema, na alisema dhidi ya serikali ya taifa lake. Heshima yake asinyimwe.

Lakini si haki nikasifu bila kutaja jeraha. Wazazi Waislamu wa pwani walikataa kupeleka watoto shule ambazo mlango wake ulikuwa ubatizo, na walikuwa na sababu. Enzi ya Wajerumani walikuwa na shule ya serikali hapa Tanga, isiyofundisha dini, iliyotoa makarani na maakida wa utawala huo. Waingereza walipoanza miaka ya 1920 kuzipa shule za misheni ruzuku kutoka fedha za kodi, mtoto wa Bonde alipata njia ambayo mtoto wa Pangani aliikosa. Kodi walilipa wote. Serikali ya Tanzania ilipozitwaa shule hizo mwaka 1969, wengi wetu Wakristo tulihuzunika. Majirani zetu waliona deni linaanza kulipwa. Mwalimu wa historia anayefundisha upande mmoja tu wa huzuni hiyo hajafundisha.

Pendekezo langu ni moja. Vitabu vya ubatizo, ndoa na maziko vya Magila, Mkuzi, Misozwe na Korogwe vipigwe picha ukurasa kwa ukurasa kabla mchwa hawajavimaliza, na walimu wa sekondari wa Muheza na Korogwe wapewe nakala. Wanafunzi waanze na orodha za walimu wa kabla ya 1914, kisha waende vijijini kuwauliza wajukuu wa walimu hao: babu alifungwa wapi, alirudi lini, aliacha karatasi gani sandukuni.