Saa ya Lushoto na Saa ya Mwezini



Watunzi wa hadithi za kisayansi wanaupenda sana ule mwezi wa mbali ambao wakati wake haufanani na wetu. Msafiri anatua, anakaa saa chache, na akirudi kwao anakuta watoto aliowaacha wamekwisha kuota mvi. Katika filamu ya Interstellar ya mwaka 2014 mahali pa namna hiyo ni sayari ya maji, na saa moja ya huko ni sawa na miaka saba ya duniani. Watu huuliza kama jambo hilo linawezekana. Linawezekana, tena linatokea hapa Lushoto kila siku, kwa kipimo kidogo mno. Hadithi hizo zinakosea kwingine: zinadhani ipo mahali fulani saa moja ya haki, na kwamba ule mwezi wa ajabu ndio ulioiacha njia.

Mji huu uko mita zipatazo 1,400 juu ya usawa wa bahari. Kwa nadharia ya Einstein ya mwaka 1915, saa iliyo karibu zaidi na kitovu cha dunia huenda polepole kuliko ile iliyo juu yake. Ukipiga hesabu, saa ya Lushoto huitangulia ya Tanga, kule pwani, kwa nanosekunde 13 hivi kila siku, yaani chini ya mikrosekunde tano kwa mwaka mzima. Mtu akiishi hapa miaka sabini, amemzidi pacha wake wa Tanga kwa theluthi ya milisekunde. Hesabu hiyo imeshapimwa kwa vyombo kwingineko. Mwaka 2010 wanasayansi wa Colorado, Marekani, waliinua saa moja ya atomu sentimita 33 tu juu ya mwenzake wakaiona tofauti. Mwaka 2020 Wajapani waliiona tena katika mnara wa Tokyo Skytree, kati ya chini na kimo cha mita 450. Watalii wanaosema kwamba kwenye milima ya Usambara wakati unakwenda taratibu wanasema kinyume cha fizikia.

Atasimama mtu aseme: hizo ni saa, si wakati. Saa ya ukutani nayo hupoteza majira kwa joto, kwa baridi ya msitu wa Magamba, kwa betri kuchoka. Kwa nini tusiseme kimo kinaharibu mitambo tu? Pingamizi hilo ni zito, na jibu lake linatunyeshea vichwani. Miale kutoka anga za juu huzaa chembe ziitwazo muoni, ambazo kwa wastani huishi mikrosekunde 2.2 kisha huvunjika. Hazina springi wala betri. Mwaka 1963 wanafizikia Frisch na Smith walichapisha matokeo ya kuzihesabu juu ya Mlima Washington, Marekani, kimo cha mita 1,900 hivi: walipata muoni 563 kwa saa. Kama umri wake ungekuwa ule ule mahali pote, usawa wa bahari zingefika kama 27 tu. Zilifika zaidi ya 400. Ni kweli kwamba hapo sababu ni mwendokasi, wala si kimo, lakini nadharia ni ya ukoo mmoja, na kilichorefuka ni maisha ya chembe yenyewe. Fundi saa hana la kufanya hapo.

Wengine watasema tofauti ndogo kiasi hicho haimhusu mtu. Inamhusu kila mwenye simu yenye ramani. Saa za satelaiti za GPS hutangulia zetu kwa mikrosekunde 38 kwa siku, na katika muda huo nuru husafiri kilomita 11 na ushei. Wahandisi wasingeziwekea marekebisho, mfumo mzima usingeaminika hata kwa safari ya kutoka Mombo kupanda huku. Na mwezi wetu wenyewe, huu tunaouandama kwa ajili ya Ramadhani, una wakati wake: saa iliyo juu yake huitangulia ya duniani kwa mikrosekunde kama 56 kila siku.

Hapo watunzi wetu wanahitaji kusahihishwa. Mwezi wa kawaida ni mwepesi mno kuupinda wakati hadi mtu aone kwa macho. Ili saa iwe miaka, lazima mwezi huo uzunguke karibu kabisa na shimo jeusi linalojizungusha kwa kasi kubwa mno. Na mashimo hayo si ndoto. Tarehe 12 Desemba 1970 satelaiti iliyopewa jina Uhuru ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco, baharini karibu na Malindi, na vipimo vyake vya eksirei vilisaidia kukitambua kitu kiitwacho Cygnus X-1 kuwa shimo jeusi. Ila mkazi wa mwezi wa namna hiyo asingehisi lolote. Chai yake ingechemka kwa dakika zile zile. Angeshangaa tu kwa nini sisi tuna haraka.

Je, hakuna basi wakati wa pamoja? Upo, ila tunaupanga. Saa ya Afrika Mashariki inafuata longitudo ya digrii 45, iliyo mbali mashariki kwetu. Kwa wastani wa mwaka, jua la Lushoto hufika utosini dakika 27 hivi baada ya saa sita mchana, na la Tanga dakika kama tatu kabla ya hilo. Hatulalamiki, kwa sababu ratiba ya treni au ya mahakama haiwezi kufuata jua la kila kilima. Aprili 2024 serikali ya Marekani iliiagiza NASA iandae saa rasmi ya mwezini kabla ya mwaka 2026 kwisha. Wapo watakaotaka saa hiyo ivutwe kila siku ilingane na ya duniani. Mimi naona iachwe iende mwendo wake, na tofauti ichapishwe kwenye majedwali: chombo kinachotua kule kinahitaji vipindi vilivyopimwa pale pale kinapotua.