Kuomba Kitambulisho cha Taifa: Jina Lako na Mwaka Wako wa Kuzaliwa

Leo nasema hasa na ninyi mlioko Mwamkulu, katika mashamba ya mpunga hapa Manispaa ya Mpanda, lakini aliye Kakese, au Inyonga, au hata Karema ziwani, na asikilize vile vile, maana jambo ni moja. Somo letu ni namna ya kuomba kitambulisho cha Taifa. Mwenye kalamu na aishike. Asiyejua kuandika na akae karibu na mwenye kujua, kwa sababu mwishoni nitawapa kazi ya kufanya.

Kitambulisho hiki ni kadi yenye picha ya mwenyewe, jina lake na namba yake. Hutolewa na Mamlaka ya Vitambulisho vya Taifa, ile ambayo sote twaiita NIDA. Sheria ya kuandikisha na kutambua watu ilipitishwa mwaka 1986, lakini Mamlaka yenyewe iliundwa mwaka 2008, na kadi za kwanza zikatolewa mwaka 2013. Hujiandikisha kila mtu aliyetimiza umri wa miaka 18. Raia ana kadi yake, mgeni mkaazi ana yake, na mkimbizi ana yake. Raia anayejiandikisha mara ya kwanza halipi kitu. Narudia: halipi kitu. Mtu akikwambia fomu ina bei, mwulize stakabadhi ya serikali, nawe utaona atakavyobadili maneno.

Wako wazee ambao wakisikia habari ya kuandikwa jina na kuchukuliwa alama za vidole hukumbuka kipande. Hofu yao si ujinga. Katika nchi jirani ya Kenya sheria ya mwaka 1915 iliagiza wanaume Waafrika waandikishwe, na baada ya Vita Kuu ya Kwanza mwanamume alitembea na kipande chake ndani ya kikopo cha bati kilichoning'inia shingoni. Akikutwa bila hicho alikamatwa. Kwetu Tanganyika kipande kilikuwa hasa kadi ya kuhesabia siku za kazi katika mashamba ya mkonge, nazo siku 30 zilipotimia ndipo mtu alipopata mshahara wake. Basi mzee akisita, asichekwe. Aelezwe tu kwamba kile kilikuwa cha Mwafrika peke yake, na hiki ni cha kila mtu mzima aliye nchini, awe waziri, awe mchunga ng'ombe.

Sasa kuna faida gani? Nitataja moja tu ambayo kila mkulima wa Mwamkulu aijua. Tangu tarehe 1 Mei 1919... samahani, 2019, laini ya simu husajiliwa kwa alama za vidole na namba ya NIDA. Tarehe 20 Januari 2020 ndiyo iliyokuwa siku ya mwisho iliyoongezwa, na baada yake laini zisizosajiliwa zikaanza kuzimwa. Watu wengi wakati ule walikimbilia njia ya mkato: asiye na namba alimwomba ndugu au jirani mwenye namba amsajilie. Simu ikaendelea kulia, na jambo likasahauliwa. Lakini fikirini. Tangu msimu wa 2022/2023 mbolea ya ruzuku hupewa mkulima aliyeandikishwa, na ujumbe wake huja katika simu. Fedha za mpunga zinalipwa kwa simu. Mama mjane ambaye laini yake imesajiliwa kwa jina la shemeji yake ana fedha ndani ya simu iliyo mkononi mwake, na kisheria zile ni fedha za shemeji. Siku laini ikipotea au shemeji akikasirika, mama huyo ataenda kwa wakala na kusema nini? Nimekwisha kuwaona kina mama wa namna hii, na machozi yao hayakuwasaidia kitu mbele ya mashine inayotaka kidole.

Kwa hiyo tuingie katika somo lenyewe. Watu hudhani ugumu wa kitambulisho uko mjini ofisini, kwenye foleni. Mimi nasema ugumu mkubwa uko nyumbani, kabla hujaondoka. Uko katika mambo mawili: jina lako na mwaka wako wa kuzaliwa.

Tuanze na mwaka. Namba ya NIDA ina tarakimu 20. Tarakimu nane za kwanza ni tarehe ya kuzaliwa: nne za mwaka, mbili za mwezi, mbili za siku. Aliyezaliwa tarehe 5 Machi 1968 namba yake itaanza na 19680305. Mnaona basi? Tarehe imefumwa ndani ya namba yenyewe kama uzi wa rangi ndani ya mkeka. Ukitaja mwaka wa kubahatisha, umejipa namba ya kubahatisha, na namba hiyo ndiyo itakayokwenda benki, kwenye simu, kwenye leseni, kwenye hati ya shamba na kwenye mafao yako ikiwa uliajiriwa. Kuibadili baadaye ni kazi yenye vielelezo vingi na safari nyingi.

Wengi wetu hatukuandikiwa tarehe. Katika utawala wa Waingereza sheria ya kuandikisha vizazi haikuwalazimisha Waafrika walio wengi, na hata baada ya Uhuru mama aliyejifungulia nyumbani, mbali na hospitali, hakuona sababu ya kufuata cheti. Lakini kukosa cheti hakumaanishi kwamba mwaka haujulikani kabisa. Kaa na mama yako, au shangazi, au mzee yeyote aliyekuwapo, mhesabu kwa mambo makubwa. Je, ulizaliwa kabla ya Uhuru wa mwaka 1961 au baada yake? Lilipotangazwa Azimio la Arusha, mwaka 1967, ulikuwa unanyonya, unatembea, au unachunga mbuzi? Wakati watu walipohamishiwa katika vijiji, mwaka 1974, ulibebwa mgongoni au ulibeba mzigo wako mwenyewe? Na vita vya Kagera, mwaka 1978 na 1979, ulikuwa shuleni darasa la ngapi? Wakongwe kabisa wa hapa Mpanda huhesabu kwa reli ya kutoka Kaliua, iliyojengwa kwa ajili ya mgodi wa risasi miaka ya mwisho ya 1940 na kufika kwetu mwaka 1950 hivi. Mtu aliyekuwa akiota meno wakati huo hawezi leo kuandikwa kijana wa miaka 60.

Ukipata mwaka, tafuta pia mwezi kwa majira. Je, ilikuwa wakati wa kupanda, au wakati wa kuvuna mpunga, au jua kali la Septemba? Kisha linganisha na karatasi ulizo nazo: cheti cha ubatizo, cheti cha kumaliza shule ya msingi, kadi ya mpiga kura. Ikiwa karatasi hizo zote zasema mwaka mmoja, hata kama mama asema mwaka mwingine kwa kukisia, afadhali uzungumze na afisa waziwazi juu ya tofauti hiyo kuliko kuongeza tarehe ya tatu. Na wale wanaopunguza miaka ili wapate kazi, au kuiongeza ili waitwe wazee, wajue kwamba kutoa habari za uongo katika fomu hii ni kosa la jinai.

Jina nalo lina mitego yake. Fomu yataka jina la kwanza, la kati na la mwisho. Sasa tutoe mfano. Tuseme kijana amezaliwa katika ukoo wa Kisukuma uliohamia huku na ng'ombe wao. Wazazi walimwita Masanja. Alipobatizwa akaitwa Petro. Mwalimu wa darasa la kwanza akamwandika Peter, kwa jina la baba yake, Luhende. Katika kadi ya mpiga kura akaandikwa Masanja Luhende, na kijijini wote wamjua kwa jina la Baba Kulwa. Huyu ni mtu mmoja, lakini kwenye karatasi ni watu watatu, na mashine haina macho ya jirani. Yatupasa tumsaidie aamue jina moja kabla ya kushika fomu. Ushauri wangu ni kufuata cheti cha kuzaliwa kama kipo. Kama hakipo, afuate cheti cha shule, maana ndicho kitakachodaiwa katika kazi na masomo. Majina yakipishana sana, ataapa mbele ya hakimu au wakili kwamba majina yale yote ni yake yeye, naye apewe hati ya kiapo. Na hati za namna hiyo zatakiwa zionyeshe jina herufi kwa herufi. Petro si Peter, na Luhende si Ruhende, ingawa sisi tunaposema hatuoni tofauti.

Kina mama, sikilizeni hapa. “Mama Kulwa” ni jina la heshima, nalo zuri, ila si jina la fomu. Andika jina ulilopewa na wazazi wako na jina la baba yako kama lilivyo katika cheti chako. Aliyeolewa asilazimishwe na mtu yeyote kuandika jina la mume. Akitaka kulitumia, karatasi zake ziwe zimekwisha kubadilishwa kwa taratibu za sheria.

Haya, tukiwa na jina na mwaka, fomu yenyewe si ngumu. Hupatikana katika ofisi ya NIDA ya wilaya, na siku hizi yaweza pia kujazwa kwenye tovuti ya NIDA kisha ikachapwa. Ukishaijaza ipeleke kwa mtendaji wa mtaa au kijiji chako aigonge muhuri, kwa kuwa yeye ndiye anayethibitisha kwamba akujua na kwamba wakaa kwake. Ambatisha nakala ya vyeti vyako. Cheti cha kuzaliwa ndicho chenye nguvu. Asiyekuwa nacho aweza kukiomba RITA kwa njia ya usajili uliochelewa, na aanze mapema.

Fomu itakuuliza pia habari za wazazi wako, na afisa wa Uhamiaji aweza kukuhoji juu ya uraia. Hapa Katavi swali hili huwachoma watu wengine, nami naelewa sababu. Mkoa wetu una Katumba na Mishamo, walikopokelewa wakimbizi kutoka Burundi baada ya machafuko ya mwaka 1972, na miaka mingi baadaye zaidi ya watu 160,000 wa makazi hayo na ya Ulyankulu wakapewa uraia wa Tanzania, hati zao zikianza kutolewa mwaka 2014. Aliyepewa uraia ni raia. Na aende na hati yake bila kuinamisha uso. Mkonongo, Mbende, Mfipa au Msukuma akiulizwa babu yake alizikwa wapi, naye asihamaki akadhani ametukanwa. Ajibu, na kama hajui, aulize wazee kabla ya kwenda.

Baada ya hapo huja picha, sahihi na alama za vidole. Juu ya vidole nina neno moja kwa wakulima. Mikono iliyoshika jembe na kung'oa miche majini msimu mzima huwa na ngozi iliyosagika, na mashine hushindwa kuisoma mistari. Kwa hiyo usiende moja kwa moja kutoka shambani. Nenda wakati kazi imepungua, na siku chache kabla yake osha mikono kwa maji ya uvuguvugu na kupaka mafuta usiku. Ukifika mbele ya mashine, futa mafuta yote, vidole viwe vikavu na safi. Mashine ikikataa, omba ujaribu tena; usiondoke kwa aibu. Katika picha, uso wote uonekane.

Namba hutangulia kadi. Wengi hawajui, hukaa wakingoja kadi hata mwaka, kumbe namba yao imekwisha toka. Waweza kuiulizia kwa simu kwa kupiga *152*00# na kufuata maelezo, au ofisini kwao. Iandike mahali pawili. Kadi zilizo na tarehe ya mwisho zisikutie wasiwasi, kwani mwaka 2023 serikali ilitangaza kwamba ziendelee kutumika. Kadi ikipotea, toa taarifa polisi kwanza, kisha ulipe shilingi 20,000 kwa namba ya malipo ya serikali upewe nyingine. Kadi haifai kuwekwa rehani kwa mkopeshaji wala kuachwa kwa mwenye duka, ingawa najua inafanyika.

Sasa kazi ya kikundi. Kila mmoja achukue karatasi, aikunje katikati. Upande mmoja aandike majina yote aliyowahi kuandikwa, na karatasi gani ina jina gani. Upande wa pili aandike mwaka aliozaliwa na jinsi alivyoupata. Mwenye mzee nyumbani amwulize jioni hii, mzee akiwa ameshiba na hana haraka. Wiki ijayo tutazisoma pamoja, na wale ambao majina yao yamepishana tutajifunza namna ya kuandika hati ya kiapo. Kwaherini kwa leo.