Jeshi la Kigeni na Sanduku la Kura: Funzo la Haiti

(Mazungumzo ya wakili mbele ya wanaharakati wa mageuzi na waumini wa makanisa)



Nimeombwa nizungumze juu ya swali ambalo huulizwa kila mara katika mikutano yetu, hasa uchaguzi unapokaribia na hofu ikatanda. Mtu husimama nyuma ya ukumbi akasema: “Wakili, tukipiga kura, tukashinda, kisha wenye bunduki wakatunyang’anya ushindi wetu, je, mataifa makubwa hayatatuma majeshi yaje kuturudishia haki yetu?” Swali hilo si la kijinga. Huulizwa na watu waliochoka, na mtu aliyechoka hutazama njia akimngoja wa kumsaidia. Wahenga walisema, mgeni njoo, mwenyeji apone. Nataka tuchunguze kama kweli mwenyeji hupona. Sitatumia nadharia. Nitawasimulia habari za nchi moja ambayo mgeni wa namna hiyo aliifikia kweli.

Nchi hiyo ni Haiti. Ndiyo nchi ambayo watumwa wenye asili ya Afrika waliinuka mwaka 1791, wakawashinda mabwana zao, na wakatangaza uhuru wao tarehe 1 Januari 1804. Ufaransa haikuwasamehe. Mwaka 1825 iliwalazimisha, huku manowari zikiwa pwani, wakubali kulipa fidia ya faranga milioni 150 kwa kosa la kujikomboa. Marekani nayo iliikalia nchi hiyo kijeshi kuanzia mwaka 1915 hadi 1934. Baadaye ukaja utawala wa ukoo wa Duvalier, baba na mwana, tangu 1957 hadi 1986. Wananchi walipojaribu kupiga kura mwezi wa Novemba 1987, wapigaji kura walichinjwa katika vituo, na uchaguzi ukavunjwa siku hiyo hiyo.

Hata hivyo hawakukata tamaa. Tarehe 16 Desemba 1990 walirudi vituoni, wakamchagua padre mmoja wa mitaa ya maskini, Jean-Bertrand Aristide, kwa takriban theluthi mbili ya kura zote. Aliapishwa tarehe 7 Februari 1991. Hakutimiza hata miezi minane. Mwishoni mwa Septemba mwaka huo jeshi lilimpindua chini ya Jenerali Raoul Cédras, mtu ambaye Aristide mwenyewe alikuwa amempa uongozi wa jeshi.

Iliyofuata ni miaka mitatu ya mauaji. Nitataja vifo viwili tu, kwa sababu ya ninyi mlio mbele yangu. Kwanza, kwa ajili ya waumini. Tarehe 11 Septemba 1993, Antoine Izméry, mfanyabiashara aliyemuunga mkono Aristide, alihudhuria misa ya kuwakumbuka watu waliouawa kanisani miaka mitano kabla. Watu wenye silaha waliingia katika kanisa la Sacré-Coeur mjini Port-au-Prince, wakamtoa ibadani, wakampiga risasi barabarani. Wale kati yenu wanaokumbuka tarehe 7 Julai 1997, siku polisi walipoingia katika Kanisa Kuu la All Saints hapa Nairobi na kuwapiga watu waliokimbilia ndani, wanajua kwamba mlango wa kanisa hauheshimiwi na asiyeheshimu sheria. Pili, kwa ajili yetu sisi mawakili. Mwezi mmoja tu baadaye, tarehe 14 Oktoba, aliuawa Guy Malary, Waziri wa Sheria, aliyekuwa akijaribu kuwaondoa polisi mikononi mwa jeshi.

Dunia ilifanya nini? Kwanza iliweka vikwazo, na vikwazo vikawaumiza maskini kabla ya kuwagusa majenerali. Kisha, Julai 1993, yakatiwa sahihi mapatano kwamba Aristide angerudi tarehe 30 Oktoba. Meli ya kijeshi ya Marekani, Harlan County, ilipofika bandarini tarehe 11 Oktoba ikiwa na askari wa kusimamia mapatano hayo, ilikuta genge la wahuni likipiga kelele gatini, nayo ikageuka ikaondoka. Wahuni walishangilia. Siku tatu baadaye ndipo Malary alipouawa. Tishio lisilotimizwa humpa mdhalimu ujasiri, na gharama yake hulipwa na raia.

Hatimaye, tarehe 31 Julai 1994, Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa lilipitisha Azimio namba 940, lililoruhusu jeshi la nchi mbalimbali kutumia kila njia inayohitajika kuwaondoa wapinduzi na kumrudisha rais halali. Nchi 12 ziliunga mkono. Brazili na China zilijizuia kupiga kura. Rwanda, iliyokuwa mjumbe wa Baraza mwaka huo huo wa maangamizi yake, haikushiriki. Tukumbuke hilo: chumba kile kile kilichoshindwa kuwaokoa Watutsi mwezi wa Aprili ndicho kilichopata nguvu ya kuiokoa Haiti mwezi wa Julai. Haiti iko jirani na Florida, na maelfu ya wakimbizi wake walikuwa wakivuka bahari kwa mashua kuelekea huko. Sisemi kwamba mapenzi ya demokrasia hayakuwapo. Nasema hayakuwa peke yake.

Tarehe 19 Septemba 1994 askari wa Marekani waliingia Haiti, na idadi yao ikafikia takriban 20,000. Hawakupigana. Usiku uliotangulia, ndege za kivita zikiwa tayari angani, aliyekuwa Rais wa Marekani, Jimmy Carter, alifikia mapatano na watawala wa mabavu. Tarehe 15 Oktoba Aristide akarejea, na umati ukamlaki kwa machozi ya furaha. Naomba tusiyadharau machozi hayo. Aliyekuwa akilala vichakani kwa hofu ya wauaji alilala nyumbani kwake usiku ule. Anayewaambia kwamba uingiliaji kati ule haukuwa na faida yoyote hakuwahi kulala vichakani.

Lakini mimi ni wakili, na wakili husoma mkataba kabla ya kushangilia. Mkataba ule ulitiwa sahihi na Carter na yule aliyewekwa na wanajeshi kuitwa rais. Rais aliyechaguliwa na wananchi hakutia sahihi yake. Mkataba uliahidi wanajeshi msamaha kwa jumla, na ulitaka askari wa kigeni washirikiane na jeshi lile lile lililokuwa likiua. Matokeo yalionekana siku ya pili. Tarehe 20 Septemba polisi wa Haiti waliwashambulia kwa virungu wananchi waliokwenda bandarini kuwalaki wakombozi wao, na mtu mmoja akapigwa hadi kufa. Askari wa Marekani walisimama wakitazama, kwa kuwa amri zao hazikuwaruhusu kuingilia. Ni baada ya dunia kupiga kelele ndipo amri hizo zikabadilishwa.

Jenerali Cédras hakupelekwa mahakamani. Alisafirishwa kwa heshima hadi Panama, na serikali ya Marekani ikakodi nyumba zake ili asikose kipato. Kurasa zipatazo 160,000 za hati zilizokutwa katika ofisi za jeshi na za FRAPH, lile kundi la wauaji, zilichukuliwa zikapelekwa Marekani, wakati ambapo mahakama za Haiti zilizihitaji kama ushahidi. Silaha nyingi zilibaki zilikofichwa. Rais alirudishwa ikulu, lakini mjane hakurudishiwa haki.

Aristide alilivunja jeshi mwaka 1995, na mwezi wa Februari 1996 alimkabidhi madaraka René Préval aliyechaguliwa baada yake. Hayo yalikuwa mema makubwa. Na mwaka 2000 kulitokea jambo ambalo ningependa kila mwanaharakati alijue. Wakazi wa Raboteau, mtaa wa maskini katika mji wa Gonaïves ambako wanajeshi waliua watu mwezi wa Aprili 1994, walisimama mahakamani wakiwa na mawakili wao na kutoa ushahidi. Watu 16 walipatikana na hatia wakiwa kizimbani, na wengine 37, akiwamo Cédras, walihukumiwa bila kuwapo. Kazi hiyo ilianzwa na waathiriwa wenyewe. Nao walihitaji miaka sita, uvumilivu, na karatasi.

Hata hivyo mizizi mibaya iliyoachwa ardhini ilichipuka. Aristide naye hakuwa malaika. Uchaguzi wa wabunge wa mwaka 2000 ulitiwa doa kwa jinsi kura za maseneta zilivyohesabiwa, na wapinzani wake walikuwa na sababu ya kulalamika. Lakini angalieni ni nani waliokuja kumng’oa mara ya pili, mwezi wa Februari 2004. Miongoni mwa makamanda wa waasi alikuwamo Louis-Jodel Chamblain, mmoja wa waanzilishi wa FRAPH, aliyekuwa amehukumiwa mwaka 1995, bila kuwapo mahakamani, kwa mauaji ya Izméry. Aristide akaondolewa kwa ndege ya Marekani, yeye akidai ametekwa nyara, Wamarekani wakikana. Agosti mwaka huo huo Chamblain alifikishwa tena mahakamani kwa kesi ya Izméry, ikasikilizwa usiku mmoja, akaachiliwa. Na mwaka 2005 hukumu za kesi ya Raboteau zikabatilishwa.

Ndugu zangu, huo ndio moyo wa maneno yangu ya leo. Jeshi la kigeni laweza kumrudisha mtu kwenye kiti. Haliwezi kuirudisha kura mikononi mwa mwenyewe, maana kura hulindwa na mahakama huru, na polisi wanaoogopa sheria, na raia waliojipanga. Pale wauaji waliposamehewa kwa mapatano ya usiku mmoja, mapinduzi ya pili yaliachiwa mbegu.

Wengine watasema, hiyo ni Haiti, mbali na Afrika. Basi tutazame Sierra Leone. Rais Ahmad Tejan Kabbah, aliyechaguliwa mwaka 1996, alipinduliwa tarehe 25 Mei 1997. Majeshi ya Afrika Magharibi, yakiongozwa na Nijeria, yaliwafukuza wapinduzi kutoka Freetown mwezi wa Februari 1998, na Kabbah akarejea mwezi wa Machi. Lakini Nijeria yenyewe wakati huo ilitawaliwa na Jenerali Sani Abacha, ambaye alikuwa amemfunga Moshood Abiola, mtu aliyeonekana wazi kushinda uchaguzi wa Juni 1993. Dikteta alipeleka nje demokrasia aliyowanyima watu wake nyumbani! Na waasi hawakuwa wameisha. Januari 1999 waliingia Freetown wakaua na kukata watu mikono. Nguo ya kuazima haisitiri.

Na Gambia? Mwaka 2016 Yahya Jammeh alishindwa, akakubali, kisha akakana matokeo. Majeshi ya jirani yalikusanyika mpakani, Adama Barrow akaapishwa katika ubalozi wa nchi yake mjini Dakar tarehe 19 Januari 2017, na siku mbili baadaye Jammeh akaenda uhamishoni. Huo ulikuwa ushindi. Lakini kabla ya askari kusogea, tume ya uchaguzi ya Gambia ilikataa kubadili matokeo, na mawakili, walimu na wafanyakazi walitamka hadharani kwamba kura imeamua. Majirani walikuta nyumba ambayo wenyeji wake walikuwa wamekwisha simama mlangoni.

Sheria yatuambia nini? Mkataba wa Umoja wa Mataifa unakataza matumizi ya nguvu dhidi ya nchi nyingine, isipokuwa kwa kujilinda au kwa idhini ya Baraza la Usalama. Sheria ya kuanzishwa kwa Umoja wa Afrika ya mwaka 2000 inalaani serikali zinazoingia madarakani kinyume cha katiba, lakini haki ya kuingilia kati imewekewa makosa matatu: uhalifu wa kivita, mauaji ya halaiki na uhalifu dhidi ya ubinadamu. Kuibiwa kura peke yake hakumo. Anayewaahidi kwamba majeshi yatakuja anawaahidi asichokuwa nacho.

Basi siku mtakaposikia, popote duniani, kwamba majeshi yanapelekwa kurudisha serikali ya wananchi, ulizeni maswali manne. Nani ameyaita: mchaguliwa halali, au mwenye maslahi yake? Ni kwa idhini ya sheria gani? Wauaji watafikishwa mahakamani, au watakodishiwa nyumba? Na yataondoka lini, yakimwachia nani ulinzi?

Namalizia na jambo linalotuhusu sisi. Ilipofika mwaka 2023, nchini Haiti hakukuwa na hata kiongozi mmoja wa kitaifa aliyeingia madarakani kwa kura. Rais Jovenel Moïse alikuwa ameuawa mwaka 2021, na magenge yalikuwa yameushika mji mkuu. Safari hii mgeni aliyeitwa ni Kenya. Polisi wetu wa kwanza walitua Port-au-Prince tarehe 25 Juni 2024. Siku hiyo hiyo, hapa Nairobi, polisi waliwapiga risasi vijana waliokuwa wakiandamana katika viwanja vya Bunge. Sina haja ya kuongeza neno. Nasema tu kwamba miaka thelathini baada ya wale askari 20,000, Haiti ilikuwa bado inangoja mgeni, na mgeni mwenyewe alikuwa ameacha msiba nyumbani kwake.

Kwa hiyo, ndugu yangu uliyeuliza nyuma ya ukumbi, jibu langu ni hili: usiyangoje majeshi. Jiandikishe. Kaa kituoni hadi fomu ya matokeo itiwe sahihi, uchukue nakala yake. Aliyeuawa, andika jina lake, tarehe, mahali, na mashahidi, uzihifadhi karatasi hizo hapa nchini, katika kabati la parokia yako ikiwa huna pengine pa kuziweka. Wajane wa Raboteau hawakuwa na manowari. Walikuwa na majina ya wafu wao, nao wakayataja mbele ya hakimu mpaka jenerali akahukumiwa. Hukumu ile ilivunjwa kwa sababu waliachwa peke yao. Sisi tusiwaache wetu peke yao.