Gari la Kikundi Likikamatwa na Dalali

Mazungumzo na viongozi wa vikundi vya kujisaidia, Kerugoya



Kikundi kimoja nilichokitembelea kilichanga pesa kidogo kidogo kwa miaka mitatu, kikanunua pikapu ya kupeleka nyanya sokoni Kagio. Kwa kuaminiana, logibuku iliandikwa jina la mwenyekiti. Baadaye mwenyekiti akashindwa kesi ya deni lake mwenyewe. Asubuhi moja dalali akafika na karatasi ya korti, akaiandika pikapu. Wanachama wakapiga kelele, "Hiyo ni yetu!" Dalali akauliza, "Logibuku inasema nini?" Wakanyamaza.

Dalali hakukosea kuuliza. Kifungu cha 8 cha Sheria ya Trafiki kinasema aliyeandikishwa ndiye huhesabiwa kuwa mwenye gari, mpaka ithibitishwe vingine. Shikeni hayo maneno ya mwisho. Hapo ndipo kikundi kina nafasi yake.

Basi mfanye nini?

Kwanza, msipigane na dalali wala msilifiche gari. Mtajitafutia kesi nyingine. Someni karatasi. Kwa kawaida dalali huorodhesha mali, halafu hutoa siku 7 za kulipa kabla ya kuichukua. Akishaichukua hutangaza mnada gazetini, na mnada haufanywi kabla ya siku 7 kupita tangu tangazo la kwanza. Siku hizo si za mikutano ya kulaumiana.

Pili, tazameni namba ya kesi na jina la korti. Pingamizi hupelekwa katika kesi ile ile, korti ile ile. Kama amri ilitoka Baricho au Nyeri, nauli itafutwe mapema.

Tatu, wekeni pingamizi kwa maandishi: notisi, ombi na hati ya kiapo. Njia hii iko katika Kanuni za Kesi za Madai za 2010, Agizo la 22, kanuni ya 51. Mkishaziweka, mna siku 7 za kuwapelekea wahusika wote nakala. Korti inaweza kusimamisha mnada kwa muda usiozidi siku 14, na humtaka mdai aseme ndani ya siku 7 kama bado analitaka gari. Akinyamaza au akikubali, gari huachiliwa. Akikataa, mtasikilizwa. Mkiweza, tafuteni wakili.

Nne, beba ushahidi: mkataba wa kununua, risiti, karatasi za benki, cheti cha kikundi na kitabu cha mikutano. Kitabu kilichoandikwa kabla ya kesi kina nguvu. Kilichoandikwa jana usiku hakimu atakitambua. Na msikubali kuapa uongo ili kumfichia mtu mali yake. Kiapo cha uongo ni jinai.

Naye mwenye deni asikae kimya. Agizo la 21, kanuni ya 12, humruhusu kuomba korti alipe kidogo kidogo. Lakini kama gari liliwekwa dhamana ya mkopo, hilo ni jambo lingine: someni mkataba wa mkopo kwanza.

Kile kikundi kilirudishiwa pikapu, kwa sababu mama mweka hazina alikuwa ameandika kila mchango, jina na tarehe. Hata hivyo walilipa wakili, na nyanya za wiki nzima zilioza.

Kwa hiyo msingoje dalali. Kama ni lazima gari liandikwe jina la mtu, aweke sahihi mkataba kwamba analishika kwa niaba ya kikundi. Wanachama watie sahihi, na nakala ikae kwa mweka hazina. Huko si kumshuku mwenyekiti. Ni kumlinda yeye pia, maana siku ile hakuweza kuwatazama wenzake usoni.

Mkirudi nyumbani, kwenye mkutano ujao ulizeni: logibuku yetu ina jina la nani, na karatasi zetu ziko wapi?